Muulize Mbuzi

Moding, 16 Aprili 1967

Kwa mwanangu mpendwa Anjeline Apeduno,

Pokea salamu kutoka kwangu mimi mama yako. Mimi ni mzima, natumaini nawe huko Nakuru u mzima na baridi haijakumaliza. Baba yako Paulinus ni mzima, anakusalimu, ana kidonda kidogo sikioni. Bibi yako ni mzima, anauliza kama huko hospitali wanawapa nyama nyinyi mnaojifunza unesi au wanawapa wagonjwa peke yao. Dada yako Mildred ni mzima, mtoto wake ameota meno mawili na anauma watu. Ami yako Odeke ni mzima na maneno yake yote ni mazima. Jirani yetu Mama Amoit ni mzima, na macho yake siku hizi yanaona mbali kuliko inavyofaa. Ng'ombe ni wazima isipokuwa yule wa madoa, huyo hatujamwona tangu Jumanne. Mbuzi mweusi ni mzima. Kuku ni wazima lakini hawana manyoya.

Usishangae nikikuandikia kwa Kiswahili. Kiteso nakijua kukisema, lakini kuandika nilifundishwa na Mwalimu Protus katika darasa la watu wazima, naye alitufundisha kuandika Kiswahili tu. Nikijaribu kuandika Kiteso mkono unakataa.

Sasa jambo lenyewe. Siku ya Jumanne kulikuwa na upepo kidogo. Nakwambia mwenyewe ili usisikie kwa watu, maana watu wanaongeza. Ulikuja saa tisa kutoka upande wa Uganda, ukapita hapa kwetu, ukaenda zake Amukura. Nyumba yetu ni nzima kuanzia chini mpaka pale ukuta unapoishia. Kanisa nalo hivyo hivyo. Hapa Moding hakuna mtu aliyekufa, tumshukuru Mungu.

Baba yako alikuwa kwa Odeke wakinywa ajono, wamezunguka chungu, kila mzee na mrija wake. Paa likaondoka. Wanasema pombe haikumwagika hata tone. Baba yako akainua macho akaona mbingu, akasema, "Leo nimetosheka," akaweka mrija chini. Ni mara ya kwanza tangu anioe. Halafu gunzi la mahindi likaja kutoka sijui kwa nani likampiga sikio.

Miti ya hapa sasa imezaa pamba. Kuna lori lilikuwa limebeba pamba, likalala mtaroni, na magunia yote yakaruka. Ukitembea kutoka hapa mpaka mtoni unaona pamba kwenye mikwaju, kwenye miiba, kwenye pembe za ng'ombe. Watu wameokota. Mimi nimeshona mto mmoja, mdogo. Lori la nani sikuuliza.

Choo cha wageni wa arusi yako ambacho baba yako alichimba kimeingia maji. Tutachimba kingine, mbali na pale.

Sasa nina swali dogo. Yule mtu wako wa Butula amekuandikia? Alisema nini? Alisema alikuwa wapi siku ya Jumanne? Sina haja ya kujua, nauliza tu, kama mtu anavyouliza hali ya njia.

Nijibu upesi. Mto wa pamba nakuwekea.

Ni mimi mama yako,
Petronilla Amuron


Nakuru, 27 Aprili 1967

Mama mpendwa,

Salamu nyingi kwako, kwa baba na sikio lake, kwa bibi, kwa Mildred na mwanawe, kwa ami Odeke. Mwambie bibi nyama tunapewa Jumapili. Mimi ni mzima.

Mama, nimesoma barua yako mara tatu. Sista anayetufundisha alikuwa ameniletea gazeti kabla, na gazeti halikusema upepo kidogo. Lilisema kimbunga. Lilisema kiling'oa miti na kubeba mapaa ya nyumba na kuangusha lori. Wewe unaniambia nyumba ni nzima mpaka ukuta unapoishia. Baada ya ukuta kuna nini, Mama? Mnalala wapi? Upepo kidogo haunyonyoi kuku.

Vitalis ameniandikia, ndiyo. Barua ya mistari minne. Anasema kiuno kinamuuma, viatu vyake vimeharibika, anawasalimu nyote, na anauliza kama mama yangu akikasirika hukasirika kwa muda mrefu. Basi. Kiuno cha dereva huuma, hilo najua. Lakini viatu? Na kwa nini wewe ukasirike? Tena hakusema neno hata moja juu ya lile lori lake, naye hajawahi kuniandikia barua bila kulisifu, utafikiri ndilo analolioa.

Padre amekubali Jumamosi ya tarehe 19 Agosti. Nimeshaomba likizo. Nguo inashonwa. Tafadhali, Mama, niambie ukweli wote.

Mwanao,
Apeduno


Moding, 14 Mei 1967

Kwa mwanangu Apeduno,

Salamu nyingi. Sisi sote ni wazima: mimi, baba yako, bibi yako, Mildred, mtoto (sasa meno matatu), Odeke. Ng'ombe wa madoa amerudi mwenyewe kutoka upande wa Kamuriai, amenona. Kuku wameanza kuota manyoya, wanafanana na wazee wanaoanza kupata mvi. Mbuzi mweusi anakula.

Umesema nikuambie ukweli wote. Basi nakuambia.

Ule upepo ulianza na kimya. Hata chura alinyamaza. Kisha huko Uganda wingu likateremsha mguu. Juu mpana, chini mwembamba, kama ile faneli tunayotilia mafuta ya taa kwenye chupa, na ule mguu ukawa unatembea. Baba yako anasema si faneli, ni mrija, na kwamba huko juu kulikuwa na mzee mkubwa anayetunyonya sisi kama ajono. Padre amemkataza kurudia maneno hayo, lakini anayarudia. Sauti ya ule mguu ilikuwa kama garimoshi la mizigo likipita jikoni.

Mapaa yaliondoka kama kofia. Nyumba ya Odeke, yetu, ya Mama Amoit, kanisa. Shule ilibaki, kwa hiyo sisi wote tulihamia shuleni. Wanaume darasa la tatu, wanawake darasa la nne, ng'ombe uwanjani. Nimelala wiki tatu chini ya ubao ulioandikwa hesabu za kugawanya. Chakula tulipika pamoja: huyu ana mtama, huyu mihogo, huyu chungu kilichobaki. Ikawa hakuna anayejua anakula unga wa nani. Asubuhi wanaume walikata nyasi na miti, wakaanza na nyumba ya bibi yako kwa sababu ni mzee, halafu ya Mildred kwa sababu ana mtoto. Yetu ilikuwa ya sita. Sasa tuna nyasi mpya juu na inanukia vizuri. Watu wa Butula nao walituma mikokoteni miwili ya nyasi. Hatukuomba. Odeke alishangaa, akauliza watu wa Butula walijuaje kwamba sisi hatuna paa. Mimi nilikuwa nakoroga uji.

Mabati ya kanisa yalipatikana Uganda, maana ule mguu ulikuwa unazunguka, ukayatupa nyuma ulikotoka. Watu wa kule, Mungu awabariki, waliyakusanya kwenye mashamba yao wakayaleta kwa baiskeli mpaka mpakani. Odeke akaenda kuyapokea. Askari mmoja pale akamwuliza, "Mzee, haya mabati yalitoka Kenya lini?"

"Jumanne, saa tisa."

"Yalipita wapi?"

"Juu."

"Mzee, mimi nakuuliza njia."

"Nami nakuonyesha," Odeke akasema, akaelekeza kidole mawinguni. Askari akatazama juu kwa muda, kisha akafungua kizuizi.

Sasa umesikia yote. Hukuuliza mimi nilikuwa wapi, lakini nakujibu. Nilikuwa mahali salama. Mbuzi alikuwa nami.

Mama Amoit akikuandikia usisome. Yule mama tangu nyumba yake ikose paa anaona kila kitu.

Arusi iko pale pale. Usisahau kunijibu.

Mama yako,
Petronilla


Nakuru, 2 Juni 1967

Mama,

Salamu kwa wote, kila mmoja kwa jina lake, leo sina nafasi ya kuwataja.

Mama Amoit ameniandikia. Nimesoma. Anasema baada ya upepo alitoka kutafuta sufuria zake akakuona unatokeza kwenye ardhi kama uyoga, kwenye lile shimo la choo cha wageni. Kwanza alitoka mbuzi, kisha kichwa chako. Na anasema chini ya shimo alisikia sauti ya mwanamume ikisema, "Pole, mama." Ulipomwona, ulimwambia kwamba ni mwangwi. Mama, mwangwi wa nani?

Sasa sikiliza, maana mimi pia nilikuficha jambo. Vitalis amesimamishwa kazi. Lori lililolala mtaroni ni lake. Lilikutwa mlango uko wazi, ufunguo ndani, dereva hayupo. Tajiri wake huko Busia anasema alikimbia upepo akaacha mali ya watu. Wanamwuliza, "Ulikwenda wapi?" Ananyamaza. Wanamwuliza tena, ananyamaza. Wameshaweka mtu mwingine aendeshe lori jingine. Jumatatu alipanda lori la rafiki yake akaja mpaka hapa Nakuru. Nikamwuliza mimi, mchumba wake, tukiwa tumekaa kwenye benchi la wageni: "Vitalis, ulikimbilia wapi?" Akatazama viatu vyake, ambavyo kweli vimeharibika, akasema, "Muulize mbuzi."

Nikadhani upepo umempiga kichwani. Kisha barua ya Mama Amoit ikaja, na ndani yake kuna mbuzi.

Ami Odeke naye ameniandikia. Anasema ukoo wetu hautoi binti kwa mwoga aliyeacha lori njiani, tena asiye na kazi. Asipopata maelezo kabla mwezi wa saba haujaanza, atawarudisha watu wa Butula na ng'ombe wao, na arusi imekwisha.

Mama, wewe na Vitalis na mbuzi mnajua kitu. Mbuzi hajui kuandika. Vitalis hataki kusema. Umebaki wewe.

Apeduno


Moding, 11 Juni 1967

Kwa mwanangu,

Wote ni wazima. Leo hata mimi siwataji.

Nimekaa na kalamu hii tangu watu watoke kanisani. Baba yako amenipita mara nne akiuliza kama ninaandika Biblia. Baada ya kusoma, chana karatasi hii.

Unajua yule mtu tangu alete posa sijawahi kumwona uso. Mkwe ni mkwe, mama hamtazami wala hasemi naye. Nilimchungulia mara moja kupitia ufa wa mlango nikaona kofia tu. Yeye pia ana adabu, lazima niseme. Kila lori lake likipita hapa alifunga kioo akageuza kichwa upande wa pili, mpaka siku moja aliingia kwenye shamba la Odeke. Na mimi, ukweli ni kwamba sikumpenda. Nilisema, mtu gani huyu, hana shamba, ana usukani.

Siku ile nilikuwa kule chini namfungua mbuzi. Nilikuwa nimejifunga kamba yake mkononi kwa sababu anapenda kutoroka. Nikaona ule mguu unakuja. Nikakimbia, lakini mbuzi alitaka kwenda kulia na mimi kushoto, tukabaki tunazunguka pale pale. Lori likasimama njiani. Mtu akaruka akaja mbio. Nikatambua ile kofia. Nikapiga kelele, "Usinishike! Mimi ni mkweo!"

Akasema, "Najua mama! Ndiyo maana nimefumba macho!"

Apeduno, ni kweli, alikuwa amefumba macho. Akaninyanyua kama gunia la pamba, macho yamefungwa, akakimbia nami. Nilikuwa namwambia, "Kushoto! Kushoto!" lakini upepo ulikula maneno. Basi akakimbia mpaka ardhi ikaisha. Tukaanguka kwenye choo cha wageni wa arusi. Bado kilikuwa hakijatumika, tafadhali weka hilo moyoni. Baada ya sisi akaja mbuzi, maana kamba ilikuwa mkononi mwangu.

Na upepo ukapita juu yetu. Niliona kitanda cha Mama Amoit kinapita. Niliona mlango wetu unapita, na kufuli lake. Kama angekuwa amefumbua macho angelikwepa shimo, na leo mimi ningekuwa Amukura, kwenye mti, pamoja na pamba.

Upepo ulipokwisha, ikaja mvua. Tulikuwa tumegeukia kuta, yeye ukuta wake, mimi ukuta wangu, mbuzi katikati. Kusema naye siwezi. Yeye kusema nami hawezi. Ngazi ilikuwa imekwenda na upepo. Maji yakaanza kupanda. Nikasema, "Wewe mbuzi, mwambie huyo mtu aondoe kiatu chake juu ya mguu wangu."

Akasema, "Mbuzi, mwambie mama anisamehe. Mwambie pia maji yanapanda."

"Mbuzi, mwambie nimeona."

"Mbuzi, mwambie mama apande mabegani kwangu, atafika juu."

"Mbuzi, mwambie huyo mtu, ni heri nife."

Kisha akasema, "Mbuzi, mwambie mama, akifa hapa Apeduno atalia, na mimi sitajua la kumwambia."

Maji yalikuwa magotini. Nikapanda. Mimi, Petronilla, mhitimu wa darasa la watu wazima, mwenyekiti wa akina mama wa kanisa, nikasimama juu ya mabega ya mkwe wangu, naye uso ukutani. Nilisikia kiuno chake kinalia kama mlango. Lakini kabla yangu tulimtoa mbuzi, na hapo ndipo tulipokosea. Mbuzi alipokwisha kutoka hatukuwa tena na wa kupitishia maneno. Kwa hiyo sikumwambia asante. Aliposema lile "Pole, mama" ilimtoka tu, kwa sababu nilikuwa nimekanyaga sikio lake. Nikamfungia kamba ya mbuzi kwenye kisiki ili apande, nikaondoka bila kugeuka. Nikakutana na Mama Amoit.

Sasa elewa shida yangu. Nikisema, Odeke na wazee watasema mkwe na mkwe wamegusana, si kugusana tu, wamepandana, na arusi haiwezekani mpaka tusafishwe, na labda isiwezekane kabisa. Na huku kanisani nitaingiaje? Nikinyamaza, yule mtu ni mwoga milele. Amepoteza kazi kwa kunifunika mimi. Analala bila kusema, na mimi nalala juu ya mto wa pamba ya lori lake. Kila usiku mto huo unanichoma shingo.

Gari la kwenda Busia liko Jumanne. Niende kwa tajiri wake au nisiende? Nijibu mara moja.

Mama


Nakuru, 20 Juni 1967

Mama yangu,

Barua yako imefika leo. Uliniuliza juu ya Jumanne, na Jumanne imeshapita wiki nzima.

Nimecheka mpaka wenzangu wakaja kuuliza kama nimepata homa. Halafu nikafika pale Vitalis aliposema hatajua la kuniambia, nikaacha kucheka.

Kama hukwenda, nenda. Wazee wakikataa, wakatae kwa jambo lililotokea, si kwa jambo lisilotokea. Nguo nitaiweka sandukuni, haiozi.

Kama ulikwenda, niambie haraka. Siwezi hata kupima homa ya mgonjwa, nasoma namba naisahau.

Sikuichana barua. Nisamehe.

Apeduno


Moding, 2 Julai 1967

Kwa mwanangu mpendwa Apeduno,

Salamu nyingi, na leo nina nafasi. Mimi ni mzima. Baba yako ni mzima, sikio limepona, sasa anasikia hata asiyoambiwa. Bibi yako ni mzima, anacheka tangu Jumatano ya wiki iliyopita, tunamwomba apumzike hataki. Mildred ni mzima. Mtoto ana meno manne. Odeke ni mzima, utasikia. Mama Amoit ni mzima lakini ana huzuni, maana sasa kila mtu anajua na yeye hana la kusimulia. Kuku wana manyoya. Mbuzi mweusi ni mzima mpaka saa hii, na hapo ndipo penye shida.

Sikungoja jibu lako. Jumanne ile nilimwambia baba yako naenda Busia kutafuta dawa ya mgongo. Nikachukua mto wangu, nikachukua mbuzi. Kondakta akasema mbuzi hapandi. Nikamwambia huyu si mbuzi, ni shahidi. Akatufungia juu pamoja na ndizi.

Yule tajiri ni mtu mnene, mwenye meza. Nikaingia na mbuzi, nikaweka mto juu ya meza. Akasema, "Mama, hapa hatununui mito."

Nikasema, "Hii ni pamba yako, tajiri. Naanza na hiyo."

Nikawa nataka kueleza, na ndipo nikaona kwenye benchi la pembeni mtu ameketi, ana kofia mkononi. Alikuwa amekuja kuomba kazi yake tena, kama anavyokuja kila siku. Aliponiona akaruka akageukia ukuta. Mimi nikageukia dirisha. Tajiri akatutazama mmoja mmoja. Akauliza, "Nyinyi mna ugomvi?"

Hapo ulimi ukafungika. Nitamwelezaje tajiri na yule mtu yuko ndani ya chumba anasikia? Basi nikamshika mbuzi pembe, nikasema, "Wewe mbuzi, mwambie tajiri huyu kwamba dereva wake hakukimbia upepo. Alikimbilia kwenye upepo. Kulikuwa na mwanamke mzee na mbuzi wamefungana kamba, naye akaacha lori akawachukua. Mwanamke huyo ni mimi, na anayetaka kumwita mwoga aniite mimi kwanza nishuke mabegani mwake."

Tajiri akamtazama mbuzi. Mbuzi alikuwa ameanza kula karatasi za mezani. Tajiri akasema, "Na yeye kwa nini hakuniambia?"

Nikasema, "Mbuzi, mwambie kwamba ni mkwe wangu."

Yule tajiri ana mabinti wanne walioolewa. Akakaa. Kisha akaanza kutikisika, meza ikatikisika, nikaona anacheka na machozi yanatoka. Akasema, "Mama, mimi mkwe wangu akija hapa nyumbani, mke wangu hujificha kwenye ghala. Tangu Krismasi analijua ghala kuliko jikoni." Akasema dereva arudi kazini kesho. Mto akanirudishia. Karatasi zilizoliwa akazisamehe.

Nilipokuwa natoka mlangoni nikakumbuka deni langu. Nikasimama, sikugeuka. Nikasema, "Mbuzi, mwambie huyo mtu asante."

Kisha kutoka ukutani sauti ikasema, "Mbuzi, mwambie mama karibu. Na mwambie kiuno kimepoa."

Apeduno, nililia mpaka Amukura. Watu kwenye gari wakadhani nimefiwa.

Nikafika nyumbani nikamwambia baba yako kila kitu kabla ya kuvua viatu. Akauliza jambo moja tu: "Lile shimo nililichimba kina kirefu, ulinilaumu. Sasa unasemaje?" Nikasema umefanya vizuri. Tangu siku hiyo anamwonyesha kila mgeni lile shimo.

Jumatano ya wiki iliyofuata wazee wakakaa kwa Odeke, chini ya paa jipya. Nikasimama nikasema mbele yao yote, mabega na sikio na kiuno. Bibi yako ndiye aliyeanza kucheka, naye alikuwa nje. Odeke alijaribu kukaza uso. Akasema, "Hili ni jambo zito." Mzee wa pembeni akaangua kicheko akatoa mrija mdomoni. Odeke akasema tena, "Nasema ni zito!" na yeye mwenyewe akashindwa.

Lakini walihukumu. Wamesema upepo ndio uliotusukuma, lakini upepo hauwezi kuitwa barazani, kwa hiyo tutajibu sisi. Yeye ataleta blanketi, atanifunika mabega mbele ya wazee, ili ile aibu ifunikwe. Mimi nitatoa mbuzi. Baada ya hapo arusi itaendelea, Agosti tarehe 19, kama padre alivyosema. Na Odeke anasema baada ya blanketi ninaweza kulitaja jina lake, na yeye anaweza kunisalimu akiwa mbali kidogo, kama kutoka hapa mpaka mti wa mkwaju. Nimeanza kulijaribu kwa kalamu, maana kwa mdomo bado linakwama. Vitalis. Nimeliandika. Halikunidhuru.

Sasa shida. Mbuzi nilionao ni mmoja, ni yule yule. Wazee wanataka achinjwe siku ya blanketi, waketi wamle. Nimekataa. Nimewaambia siwezi kumla mtu aliyebeba maneno yangu kutoka shimoni mpaka mezani kwa tajiri. Odeke anasema hukumu ni hukumu, na tumbo lake nalo ni la mzee. Tumebishana siku tatu. Mwisho wamekubali jambo moja: mbuzi anaweza kutolewa akiwa hai, aende kukaa kwenye nyumba yenu mpya huko Busia, nikija kuwatembelea tuwe na wa kupitishia maneno. Lakini Odeke anasema lazima bibi arusi mwenyewe aandike kwa mkono wake kwamba anakubali kuolewa pamoja na mbuzi. Bila karatasi hiyo, Jumamosi ya tarehe 15 wanachinja.

Anakula nguo, nakwambia mapema. Ile yako ya arusi itundike juu.

Andika leo hii, mwanangu, usingoje zamu yako ya hospitali iishe, mpe mtu yeyote anayekuja huku, hata dereva. Hata yule wako. Odeke ameshatoa kisu anakinoa kwenye jiwe nje ya dirisha langu, na kila nikitazama nje ananitazama.

Mama yako,
Petronilla Amuron